Mrushaji wa Ligi Ndogo Amepata Kitu Ambacho Fedha za Chuo Hazijakinunua

Mwezi Juni 2025 jaji Claudia Wilken wa mahakama ya shirikisho huko California aliidhinisha mapatano ya kesi inayojulikana kwa jina la House, na kuanzia tarehe 1 Julai mwaka huo vyuo vikuu vya Marekani vikaruhusiwa kuwalipa wanamichezo wao moja kwa moja kutoka katika mapato ya michezo. Ukomo wa mwaka wa kwanza uliwekwa takriban dola milioni 20.5 kwa kila chuo kilichojiunga na utaratibu huo. Tangu hapo wafuatiliaji wengi wa besiboli wamekuwa wakirudia hoja moja: kwamba mrushaji kijana hana tena haja ya kuharakia ligi ndogo, yaani ngazi za kulipwa zilizo chini ya ligi kuu ambako klabu hukuza wachezaji wao, kwa kuwa chuoni sasa kuna fedha, viwanja vinajaa na kamera za televisheni zipo, ilhali ligi ndogo ni njia ya vumbi, ya mabasi ya usiku na mshahara wa kubangaiza. Kwa maoni yangu hoja hiyo inayasoma mabadiliko haya kinyumenyume. Inahesabu dola na kusahau kuuliza dola hizo zinalipwa kwa jina gani. Mrushaji wa Double-A, daraja la pili kutoka juu katika ligi ndogo, mwenye kima cha chini cha dola 30,250 kwa mwaka kilichowekwa mwaka 2023, amesimama mahali imara kuliko mwenzake wa chuo anayepata hata mara tatu ya hizo, kwa sababu wa kwanza ni mfanyakazi mbele ya sheria na ana chama kinachojadiliana kwa niaba yake, na wa pili bado ni mwanafunzi anayegawiwa mapato kwa masharti yaliyoandikwa na wengine.

Msomaji ambaye hajauzoea mchezo huu anahitaji kwanza kujua safari yenyewe ilivyo. Mrushaji husimama juu ya kilima kidogo cha udongo, mfano wa kichuguu kilichosawazishwa, mita 18.44 kutoka kwa mpigaji, na kurusha mpira wa gramu zipatazo 145 ulioshonwa mishono 108 ya nyuzi nyekundu. Hakuna kinachotokea uwanjani mpaka yeye aurushe. Katika besiboli ya vyuo mrushaji bora wa timu hupewa mechi ya Ijumaa, ya kwanza kati ya tatu za mwisho wa wiki, na kuitwa mrushaji wa Ijumaa ni cheo ambacho hakihitaji maelezo katika miji inayopenda besiboli ya vyuo kama Baton Rouge au Omaha. Kila Julai klabu 30 za Ligi Kuu ya Besiboli, MLB, hukaa na kuteua vijana kwa zamu. Zamani uteuzi huo ulikuwa na raundi 40. Mwaka 2020, wakati wa janga la korona, ukapunguzwa hadi raundi tano, na tangu 2021 ni raundi 20. Aliyeteuliwa hawezi kwenda klabu nyingine. Ama anasaini na klabu iliyomtaja, ama anasubiri uteuzi mwingine, kama bado ana mwaka wa kusubiri.

Maneno hayo ya mwisho ndiyo yenye uzito. Kijana anayejiunga na chuo cha miaka minne haruhusiwi kuteuliwa tena mpaka amalize mwaka wa tatu au atimize miaka 21. Akiteuliwa baada ya mwaka wa tatu ana kauli, kwa sababu anaweza kusema kwamba fedha za usajili hazitoshi na akarudi darasani. Akiteuliwa baada ya mwaka wa nne kauli hiyo imekwisha, na klabu inalijua hilo kama yeye anavyolijua. Ndiyo maana kila mwaka wapo warushaji wa mwaka wa nne, wenye uwezo uleule wa wenzao wa mwaka wa tatu, wanaosaini kwa dola elfu chache tu, huku klabu ikihamishia akiba hiyo kwa kijana mwingine mwenye pa kurudi. Mtu akielewa jambo hili ataelewa kwamba thamani ya mkono wa mrushaji katika soko hili haijawahi kupimwa kwa kasi ya mpira peke yake. Imepimwa pia kwa uwezo wake wa kukataa.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni wa Mark Appel. Alikuwa mrushaji wa Chuo Kikuu cha Stanford, kijana mrefu aliyezaliwa Houston, na mwaka 2012 alitarajiwa na wengi kuteuliwa wa kwanza. Akashuka hadi nafasi ya nane, kwa Pittsburgh Pirates, waliomwekea mezani dola milioni 3.8. Akakataa, akarudi kumaliza shahada yake. Mwaka uliofuata Houston Astros walimteua wa kwanza kabisa, mbele ya Kris Bryant, na akasaini kwa dola milioni 6.35. Kiasi hicho ni kikubwa, lakini kiwango kilichowekwa na ligi kwa nafasi hiyo kilikuwa takriban dola milioni 7.79. Hata kijana aliyeteuliwa wa kwanza nchini kote alisaini chini ya kiwango kwa zaidi ya dola milioni moja, kwa sababu alikuwa mwanafunzi wa mwaka wa nne na hakuwa na mlango mwingine wa kubisha.

Kilichomfuata kimesimuliwa mara nyingi kama kisa cha kushindwa, na hapo ndipo ninapotofautiana na wasimulizi. Appel alihangaika katika ligi ndogo za Astros, akauzwa kwa Philadelphia Phillies Desemba 2015, akafanyiwa upasuaji wa kiwiko mwaka 2016, na mwanzoni mwa 2018 akaachana na mchezo akiwa na miaka 26. Alirudi mwaka 2021. Tarehe 29 Juni 2022, zikiwa zimebaki siku 16 atimize miaka 31, alipanda kilima cha Philadelphia katika kipindi cha tisa dhidi ya Atlanta Braves na kukimaliza bila kuruhusu pointi. Hakuna aliyewahi kuteuliwa wa kwanza akafika ligi kuu akiwa na umri mkubwa kama huo. Alicheza mechi sita tu msimu ule, na baada yake hakurudi tena ligi kuu. Ukimpima kwa matarajio ya 2013 utasema amepotea. Ukimpima kwa kazi aliyoifanya, utaona mtu aliyejaza misimu ya ligi ndogo kwa jasho halisi mbele ya watazamaji waliolipa kiingilio, kwa faida ya klabu zilizokuwa zikimmiliki, na aliyeweza kumudu miaka hiyo kwa sababu ya zile dola milioni sita. Wengi waliokaa naye benchi moja hawakuwa nazo, na mjadala wa kweli unawahusu hao.

Mmoja wa wengi hao, wa kizazi cha kabla yake, ni Garrett Broshuis. Alikuwa mrushaji wa Chuo Kikuu cha Missouri, akateuliwa na San Francisco Giants mwaka 2004 katika raundi ya tano, akacheza misimu sita, akapanda hadi Triple-A, ngazi ya mwisho kabla ya ligi kuu, na hapo akakomea. Angekuwa mwingine, jina lake lingebaki kwenye vitabu vya takwimu tu. Yeye alianza kujiandaa kwa masomo ya sheria angali mchezaji, akasoma Chuo Kikuu cha Saint Louis, na Februari 2014 akawa miongoni mwa mawakili waliofungua shauri la wachezaji wa ligi ndogo dhidi ya MLB na klabu zake, shauri lililoitwa Senne kwa jina la mdai wa kwanza. Dai lake lilikuwa rahisi kulieleza: watu hawa wanafanya kazi, na sheria ya kima cha chini cha mshahara inawahusu. Hadi kabla ya msimu wa 2021 kima cha chini katika ngazi za Single-A, zilizo chini ya Double-A, kilikuwa dola 290 kwa wiki, na Double-A dola 350. Zililipwa ndani ya msimu tu. Wiki za kambi ya mazoezi kabla ya msimu hazikuwa na mshahara, wala miezi ya mazoezi ya baridi ambayo kila klabu iliyahitaji na kuyakagua. Kwa msimu wa miezi mitano, mrushaji wa Single-A hakufikisha dola 7,000 kabla ya kodi.

Utetezi wa ligi ulisimama juu ya neno moja, uanagenzi. Mchezaji wa ligi ndogo, walisema, ni mwanagenzi wa msimu anayejifunza ufundi kwa gharama ya klabu, na kumhesabia saa kama mfanyakazi wa kiwandani ni kutoielewa kazi yenyewe. Hoja hii ilikuwa na nguvu za kisiasa kuliko za kisheria. Machi 2018, ndani ya muswada mkubwa wa bajeti wenye kurasa zaidi ya 2,200, Bunge la Marekani lilipitisha kifungu kilichowatoa wachezaji hawa katika ulinzi wa kawaida wa sheria ya mishahara, mradi walipwe kima cha chini kwa saa 40 za wiki wakati wa msimu, hata kama wamefanya 70. Besiboli ilikwisha kuzoea upendeleo wa namna hiyo tangu 1922, Mahakama Kuu ya nchi hiyo ilipoamua kwamba sheria za kuzuia uhodhi haziigusi. Lakini madai ya miaka iliyotangulia kifungu kile yaliendelea mahakamani, na pia yale yaliyotegemea sheria za majimbo. Machi 2022 hakimu Joseph Spero aliamua kwamba wachezaji hao ni waajiriwa wa mwaka mzima na kwamba mazoezi ya kambi ni kazi. Ligi ikakubali kulipa dola milioni 185. Mapatano hayo yalipata idhini ya mwisho mwaka 2023, na baada ya kuondoa ada za mawakili na gharama, takriban dola milioni 120 zikabaki kwa wachezaji wenyewe.

Mambo yakaenda kasi kuliko nilivyotegemea. Mwishoni mwa Agosti 2022 chama cha wachezaji wa ligi kuu kilianza kukusanya kadi ambazo wachezaji wa ligi ndogo walisaini kutaka kiwawakilishe, na katikati ya Septemba MLB ikakitambua chama hicho kwa hiari, bila kuvutana kwa miaka kama ilivyozoeleka. Machi 2023 ulipatikana mkataba wa kwanza wa hali bora katika historia ya ligi ndogo, wa miaka mitano. Kima cha chini cha Single-A kilitoka takriban dola 11,000 kwa mwaka hadi 26,200, Double-A kutoka 13,800 hadi 30,250, na Triple-A kutoka 17,500 hadi 35,800. Kambi ya mazoezi sasa inalipiwa, na sehemu kubwa ya miezi ya nje ya msimu pia. Makazi, ambayo klabu zilianza kuyatoa mwaka 2022 kutokana na shinikizo la wachezaji, yakaingia kwenye maandishi. Hizi si fedha za kumtajirisha mtu nchini Marekani. Mwalimu wa shule ya msingi katika majimbo mengi anapata zaidi. Ila zimeandikwa ndani ya mkataba ambao klabu haiwezi kuubadilisha peke yake, na kuna utaratibu wa kuwasilisha malalamiko mbele ya msuluhishi asiye wa klabu.

Kati ya hoja za wanaopinga mabadiliko haya, iliyo dhaifu zaidi ni ile ya mapenzi: kwamba kijana anacheza mchezo anaoupenda, mamilioni wangetoa chochote wawe mahali pake, na kwa hiyo kulalamikia mshahara ni utovu wa shukrani. Dada yake wa karibu ni hoja ya fedha za usajili, kwamba hawa walikwisha kulipwa siku waliposaini, na hapo hutajwa Paul Skenes, aliyetoka Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana mwaka 2023 akasaini na Pirates kwa dola milioni 9.2 na kufika ligi kuu Mei 2024, kabla hajatimiza mwaka mmoja tangu ateuliwe. Kumtaja Skenes katika mjadala wa ligi ndogo ni sawa na kumtaja mfanyabiashara mkubwa wa Kariakoo katika mjadala wa vibarua wanaobeba mizigo yake. Uteuzi ule ulikuwa na majina zaidi ya 600. Kuhusu mapenzi, jioni moja nilikaa nyuma ya wavu katika uwanja mdogo wa ligi ndogo, na mbele yangu alikuwa ameketi kijana mrefu aliyevaa fulana ya timu, mkononi kipima kasi, mapajani karatasi yenye visanduku vidogo. Alikuwa mrushaji ambaye siku hiyo hakuwa na zamu. Kila mpira uliporushwa alisoma kasi, akaandika aina ya mpira, mahali ulipopita na kilichotokea, kisha akainua tena kile kifaa. Alifanya hivyo karibu saa tatu bila kupiga makofi hata mara moja. Watazamaji waliomzunguka walikuwa wamekuja kwa mapenzi. Yeye alikuwa kazini, na karatasi ile ilikuwa ikisubiriwa na klabu.

Ipo hoja ya upande huo ambayo siwezi kuipuuza. Inasema kwamba kila dola inayoongezwa kwenye mshahara itatafutiwa mahali pa kukatwa, na mahali rahisi ni idadi ya wachezaji. Dalili zipo. Mwaka 2021 ligi ndogo ilipangwa upya na klabu zenye uhusiano rasmi na ligi kuu zikashuka kutoka 160 hadi 120, miji mingi midogo ikapoteza timu iliyokuwa nayo kwa vizazi. Mkataba wa 2023 wenyewe uliruhusu idadi ya wachezaji ambao kila klabu inaweza kuwashikilia ndani ya nchi kupunguzwa kutoka 180 hadi 165 kuanzia 2024. Kwa klabu 30, hizo ni nafasi 450, na wengi wanaozikosa ni warushaji wa raundi za mwisho, wale waliokuwa wakichelewa kukomaa na kuwashangaza wakaguzi wa vipaji miaka mitatu baadaye. Hilo ni pengo la kweli, na chama kililikubali kwa macho wazi. Lakini ratiba ya matukio inaikana nusu ya hoja hii: klabu 40 ziliondolewa kabla mkataba haujakuwapo, na raundi za uteuzi zilipunguzwa kabla chama hakijakusanya kadi hata moja. Wamiliki walikwisha kuamua kwamba takwimu, kamera na maabara zao zinawawezesha kuwalea wachezaji wachache zaidi. Kilicholetwa na mkataba ni sharti kwamba katika muda wake hawatapunguza klabu tena chini ya 120, sharti ambalo mwanagenzi asiye na chama asingeweza kulidai.

Sasa turudi chuoni, kwenye hizo milioni 20.5. Kwanza, mrushaji wa besiboli si mlengwa mkuu wa fungu hilo. Katika vyuo vikubwa sehemu kubwa inakwenda kwenye mpira wa miguu wa Kimarekani na mpira wa kikapu wa wanaume, na besiboli inagombea kinachobaki. Ni kweli kwamba mapatano yaliondoa ukomo wa zamani wa ufadhili kamili 11.7 wa masomo, wa kugawana timu nzima, na kuweka ukomo wa wachezaji 34, na chuo chenye nia kinaweza kumfadhili kila mmoja wao kikamilifu, jambo ambalo ni nafuu kubwa kwa familia zilizokuwa zikilipa nusu ya ada ya mtoto aliyesifiwa kuwa na ufadhili. Ni kweli pia kwamba biashara ya jina na sura, yaani mwanamichezo kulipwa kwa matangazo yanayomtumia, iliyofunguliwa Julai 2021 baada ya uamuzi wa pamoja wa majaji wote tisa wa Mahakama Kuu katika kesi ya Alston, imewapa baadhi ya warushaji wa Ijumaa kipato kinachozidi mshahara wa Triple-A. Sina sababu ya kuzidharau fedha hizo. Ninachouliza ni nini kitatokea siku chuo kitakapoamua kuzipunguza. Mapatano ya House hayakumtambua mwanamichezo kama mwajiriwa. Yanazungumzia mgawo wa mapato. Mwanafunzi hana chama kinachotambuliwa cha kumjadilia, na wachezaji wa kikapu wa chuo cha Dartmouth waliopiga kura kuunda chama Machi 2024 waliondoa ombi lao kabla mwaka haujaisha, kwa kuona bodi ya kazi ya nchi ingekuwa na sura nyingine chini ya serikali mpya. Kima cha mgawo, ukomo wake na vigezo vyake vimepangwa na mahakama, mawakili wa madai na wakuu wa ligi za vyuo. Mrushaji anasaini alichokuta kimeandikwa.

Tofauti hii ya jina inaonekana vizuri zaidi mkono unapoumia, na mkono wa mrushaji huumia. Desemba 2024 MLB ilitoa ripoti yake yenyewe kuhusu majeraha ya warushaji, iliyotokana na mazungumzo na wataalamu zaidi ya 200. Ilionyesha kwamba upasuaji wa kano ya kiwiko, ule ulioitwa kwa jina la Tommy John tangu daktari Frank Jobe alipomfanyia mrushaji huyo wa Dodgers mwaka 1974, ulipanda katika ligi kuu na ndogo kutoka 104 mwaka 2010 hadi 281 mwaka 2024. Kasi ya wastani ya mpira wa moja kwa moja katika ligi kuu ilitoka takriban kilomita 147 kwa saa mwaka 2008 hadi karibu 152 mwaka 2024. Ripoti ilisema waziwazi kwamba chanzo kikubwa ni mbio za kasi na kurusha kwa nguvu zote kila mara, na kwamba mbio hizo huanza utotoni na kuendelea chuoni, kwa kuwa kijana anajua wakaguzi wanamfuata mwenye kasi. Kano ya kiwiko haijui ni lini kijana alisaini. Inayachukua marusho ya Ijumaa za chuo na kuyabeba hadi Double-A, na mara nyingi inakatikia huko, kwa mwajiri ambaye si yule aliyeichosha. Akiumia ligi ndogo, ni jeraha la kazini, lenye sheria ya fidia ya jimbo na mkataba wa chama nyuma yake. Akiumia chuoni, anategemea sera. NCAA, inayosimamia michezo ya vyuo, imeboresha sera hiyo, na tangu Agosti 2024 kuna bima inayogharamia matibabu hadi miaka miwili baada ya mwanafunzi kumaliza michezo. Ni hatua njema. Lakini ukarabati wa kiwiko baada ya upasuaji huchukua mwaka hadi mwaka na nusu, wakati mwingine hurudiwa, na bima haimlipi mtu fidia kwa kazi aliyoipoteza, kwa kuwa kwenye karatasi hakuwa na kazi.

Jambo hili linatugusa sisi wa Afrika Mashariki kwa mlango mmoja ulio mwembamba. Mwaka 2012 watoto wa Lugazi, Uganda, waliingia kwenye mashindano ya dunia ya Little League huko Pennsylvania, timu ya kwanza kutoka Afrika kufika pale, na miaka kumi baadaye Los Angeles Dodgers wakasajili vijana wawili wa Uganda. Gift Ngoepe wa Afrika Kusini alikwisha kuonyesha urefu wa njia hiyo: alisaini na Pirates mwaka 2008 na akaitwa ligi kuu Aprili 2017, mzaliwa wa kwanza wa Afrika kufika huko. Vijana wa mataifa ya nje kwa kawaida huanzia kwenye vituo vya klabu katika Jamhuri ya Dominika, na mkataba wa 2023 hauwahusu wachezaji wa vituo hivyo. Wapo nje ya chama. Kijana wa Lugazi atakayesajiliwa kesho ataanza mahali ambapo bado anaitwa mwanagenzi, mpaka siku atakapovuka kuingia Marekani na jina lake kubadilika bila yeye kubadili hata namna anavyoushika mpira. Wazazi na makocha wa huku wanaosoma habari za mikataba ya mamilioni wangefanya vyema kuuliza kwanza mtoto ataripoti nchi gani.

Mkataba wa ligi kuu unaisha tarehe 1 Desemba 2026, na mazungumzo yote ya umma yanahusu mabilioni ya wachezaji wakubwa na uwezekano wa wamiliki kuwafungia milango. Mkataba wa ligi ndogo unaendelea hadi baada ya msimu wa 2027. Nina wasiwasi kwamba muda huo utakapofika, hesabu itakuwa ileile ya dola kwa wiki, na vyuo vitatumika kama fimbo: wamiliki watasema kwamba anayetaka zaidi angebaki chuoni. Chama kisikubali kupigania mshahara peke yake. Kinachomfunga mrushaji kuliko kima cha chini ni miaka ya kumilikiwa. Kwa aliyesaini akiwa na miaka 19 au zaidi, mkataba uliipunguza miaka hiyo kutoka saba hadi sita kuanzia walioteuliwa 2024, na kuna uteuzi wa Desemba unaowawezesha wachache kuchukuliwa na klabu nyingine baada ya misimu minne, ikiwa klabu yao haikuwaweka kwenye orodha yake ya wachezaji 40 wenye mkataba wa ligi kuu na klabu nyingine iko tayari kuwaweka ligi kuu msimu mzima. Kwa mrushaji wa kawaida hiyo ni bahati nasibu. Kijana aliyetoka chuoni Julai 2024 akiwa na miaka 21 atakaribia 27 kabla hajaruhusiwa kuuliza klabu nyingine inampa nini, na kwa kiwiko kilichobeba Ijumaa za miaka mitatu ya chuo, hiyo ndiyo miaka yake bora, pengine yote aliyo nayo. Misimu minne, kisha awe huru kabisa bila kusubiri kuchaguliwa na mtu: hicho ndicho kifungu ningetaka kukiona cha kwanza kwenye meza ya 2027, kabla ya dola hata moja ya nyongeza.